Kibali cha Chuo cha Ualimu: Funzo Kutoka Mahakama za India

Mzazi anayeuza shamba ili mwanawe akasomee ualimu ni nadra kuuliza chuo kina kibali gani. Huliona jengo, huona kibao langoni na orodha ya ada, naye huridhika. Nchini India wazazi wengi wameridhika hivyo, na baadaye wakatambua kwamba cheti walichokigharimia hakimpi mtoto wao kazi. Suala hilo limezifikisha mahakama za nchi ile mahali pagumu, nasi twaona linastahili kutazamwa kwa makini.

Mwaka 1986 kesi moja kutoka jimbo la Andhra Pradesh ilifika katika Mahakama ya Juu ya India. Vyuo vya watu binafsi vilikuwa vimefunguliwa na kufundisha walimu bila kibali cha serikali. Wanafunzi wake waliomba waruhusiwe walau kufanya mtihani, kwa kuwa muda wao ulikwisha kupita. Majaji walikataa. Walieleza kwamba kukubali ombi lile kungekuwa kuwapa moyo wavunjao sheria, na kwamba mwalimu asiyefunzwa vyema huwadhuru watoto atakaokabidhiwa.

Wakati huo Baraza la Taifa la Elimu ya Ualimu, lililoundwa mwaka 1973, lilikuwa la kutoa ushauri tu. Sheria ya mwaka 1993, iliyoanza kutumika mwaka 1995, ndiyo iliyolipa meno. Chini ya sheria hiyo chuo chochote cha ualimu sharti kiombe kutambuliwa na kamati ya Baraza ya eneo lake, na hakuna chuo kikuu wala bodi ya mitihani inayoruhusiwa kuwatahini wanafunzi wa chuo kisichotambuliwa. Chuo kikinyang'anywa kibali, cheti kitolewacho baadaye hakikubaliwi katika ajira ya serikali. Hata hivyo sheria haikukosa huruma: chuo hupewa kwanza nafasi ya kujitetea, chaweza kukata rufani mbele ya Baraza, na amri ya kukifutia kibali huanza kutumika tu baada ya kumalizika kwa mwaka wa masomo unaofuata, ili waliomo darasani wasikatishwe njiani.

Yamkini msomaji atadhani kwamba baada ya hapo ugomvi ulikwisha. La, uligeuka sura. Swali likawa: ni nani mwenye neno la mwisho, Baraza au serikali ya jimbo? Mwaka 2003 Mahakama ya Juu iliamua kuwa kanuni iliyomtaka mwombaji alete barua ya jimbo ya kutokuwa na pingamizi ilikuwa halali. Lakini mwaka 2006, jimbo la Maharashtra liliposhikilia kwamba walimu wanatosha na vyuo vipya havihitajiwi, Mahakama iliamua kwamba jimbo laweza kutoa maoni yake, bali haliwezi kukizuia chuo kilichokwisha kutambuliwa na Baraza. Fahali wawili wapiganapo, ziumiazo ni nyasi. Na nyasi hapa ni wanafunzi wanaongoja hukumu huku miaka ikienda.

Lililo zito zaidi lilikuja baadaye. Mwaka 2011 Mahakama ya Juu iliunda tume chini ya Jaji J. S. Verma, aliyepata kuwa Jaji Mkuu wa India. Tume ilikagua vyuo karibu 300 vya Maharashtra vilivyokuwa vinabishaniwa, na katika taarifa yake ya mwaka 2012 vilivyoonekana kustahili havikufikia 50. Sera ya Taifa ya Elimu ya mwaka 2020 ilikariri maneno ya tume hiyo, kwamba vingi kati ya vyuo zaidi ya 10,000 vinavyojitegemea havifundishi ualimu kwa dhati, bali huuza shahada. Sera hiyo imekusudia kwamba ifikapo mwaka 2030 mwalimu apitie mafunzo ya miaka minne katika vyuo vyenye masomo ya fani mbalimbali.

Hapo ndipo penye kiini cha shauri hili. Chuo kisicho na kibali ni hatari, lakini kibali kilichotolewa bila ukaguzi wa kweli ni hatari kubwa zaidi, kwani humdanganya mzazi kwa muhuri wa serikali. Hakimu aweza kulifunga lango la chuo kibovu. Hawezi kumrudishia kijana miaka yake wala kumrudishia mzee shamba lake. Kazi hiyo ni ya mkaguzi, nayo yapasa ifanywe kabla mwanafunzi wa kwanza hajaandikishwa.

Twawasihi basi wazazi, kabla ya kulipa ada, waombe kuonyeshwa barua ya kutambuliwa, wasome jina la kozi na mwaka ulioandikwa, kisha wakaihakikishe kwa mamlaka iliyoitoa. Mwalimu mmoja hupitiwa na watoto wengi katika maisha yake ya kazi. Kosa linalofanyika katika kumwandaa hulipwa na watoto wasiojua hata kwamba palikuwa na kesi.