Niobé, Séléné, Phœbé: kabla ya kumupa binti yenu jina ya Wagreki

Simama saa sita mbele ya shule yoyote ya Kolwezi, uite "Merveille!" kwa sauti kubwa. Wasichana watano watageuka. Ita "Grâce", watageuka kumi. Majina haya ni mazuri, hatuyacheke, lakini yamejaa, na wazazi wengi wa siku hizi wanataka jina ambayo binti yao ataibeba peke yake mu darasa. Wengine wanajitungia: Plamedi, kwa mufano, ni "plan merveilleux de Dieu" iliyokatwa vipande na kushonwa tena. Wengine wanafungua telefone usiku na kutafuta majina ya miungu ya kike ya Wagreki wa zamani.

Sisi wa sendika, kazi yetu si kubatiza watoto. Lakini makaratasi ya watoto wa wafanyakazi yanapita ku meza yetu: acte de naissance, fishi ya hospitali, liste ya watoto ambao kampani inawatibisha kwa kazi ya baba ao mama. Kwa hiyo tunayaona majina yakifika, na tunaona matata ambayo yanafika nayo. Ndiyo maana tunaandika.

Mwenzetu mumoja, muzaliwa wa Manono, alitaka binti yake aitwe Niobé. "Inasikilikana muzuri," alisema, "tena ni jina ya mawe ya kwetu." Juu ya mawe, alisema kweli. Ile tunaita coltan ni jina ya kukatwa pia, kama Plamedi: colombite na tantalite. Ndani yake muko metali mbili zinazofanana sana, tantale na niobium, na zote mbili zilipewa majina ya hadithi za Wagreki.

Tantale alikuwa mufalme, mwana wa mungu mukubwa Zeus. Alimuchinja mutoto wake Pélops na kuwapikia miungu nyama yake, ili ajaribu kama watajua. Walijua. Wakamutia mu maji mpaka shingoni, na matunda juu ya kichwa yake. Akiinama kunywa, maji inakauka. Akinyoosha mukono kuchuma, upepo unapandisha matawi. Mu 1802, mwanachemi wa Sweden Anders Ekeberg aliona metali mupya ambayo hata ukiizamisha mu asidi, haikunywa kitu. Akaiita tantale. Wenzetu wa Luilu na wa usine zingine za kulainisha shaba mu asidi watamuelewa mbio kuliko walimu. Na sisi wengine tunaelewa Tantale kwa njia ingine: tuko na quartiers zilizosimama juu ya shaba na cobalt, na wamama wanaamka saa kumi ya usiku kutafuta bidon ya maji.

Niobé ni binti ya huyo Tantale. Kwa hiyo mu 1844, Mujerumani Heinrich Rose alipoonyesha kwamba mu tantalite kunajificha metali ingine, aliiita niobium: mutoto karibu na baba yake. Mpaka hapo jina ni tamu. Sasa sikilizeni hadithi yenyewe.

Niobé alizaa watoto wengi. Homère anahesabu kumi na mbili, sita wa kiume na sita wa kike. Ovide wa Roma anahesabu kumi na ine. Niobé akajisifu mbele ya watu: mungu Léto ako na watoto wawili tu, mimi ni mama kumupita, kwa nini mumuabudu yeye? Wale wawili wa Léto walikuwa Apollon na Artémis, wote wapiga mishale. Apollon akaua wavulana, Artémis akaua wasichana. Wengine wanasema hakubakia hata mumoja. Mama alilia mpaka akageuka jiwe, na jiwe ile inatoka machozi hata leo, ku mulima Sipyle, mu inchi ya Turkia.

Tulipomaliza kumuelezea mwenzetu, alinyamaza. Kisha akauliza kama kuna Niobé mwingine. Hadithi ambayo watu wengi wanajua iko hii. Bibi yake, ambaye alikuwa anasikiliza, alisema neno moja tu: "Apana." Hapa Kolwezi udongo umeangukia vijana wengi mu mashimo, na tunajua wamama ambao wamekaa kama lile jiwe. Sisi hatuamini kwamba jina inaua mutoto. Lakini kwetu mutu anauliza jina inatoka wapi, na kuna siku binti mwenyewe atauliza, ao mwalimu atamuelezea mbele ya darasa nzima.

Wazazi wengi wanasahau neno hii. Wanachagua kwa masikio. Pandore inapendeza masikio, lakini ni yule aliyefungua chombo na kutosha mateso yote mu dunia. Médée aliua watoto wake mwenyewe. Cassandre alisema kweli kila siku na hakuna mutu aliyemuamini. Hiyo pengine inafaa kwa mutoto wa délégué syndical, lakini kwa kucheka tu.

Kuko majina ambayo hadithi yao haina damu. Séléné ni mwezi wa juu mbinguni. Wagreki walisema ni mwanamuke anayepita usiku na gari yake ya farasi, akiangaza dunia. Alimupenda kijana Endymion, ambaye hakuamka tena, analala tu. Wabibi wa wafanyakazi wa zamu ya usiku wanamujua Endymion, wanaye mu nyumba kila asubui. Kwa baba anayetoka kazini na mwezi ungali juu, Séléné ni jina yenye maana.

Tena jina hii iko kwetu kuliko watu wanavyofikiri. Mu 1817 Jöns Jacob Berzelius, Musweden pia, alikuta kitu kipya mu matope iliyobakia chini ya usine ya asidi sulfirike. Kilifanana na tellure, ambayo jina yake inatoka ku neno "udongo, dunia" mu Kilatini. Kwa hiyo yeye akakiita sélénium, kitu cha mwezi. Na ku Musonoi, hapa karibu, sélénium iko mu mawe. Wataalamu wa mawe duniani wanajua Musonoi kwa mawe ya rangi ya njano na ya kijani, yenye urani na sélénium, ambayo ilionekana huko mara ya kwanza.

Ile mawe iliitwa namna gani? Demesmaekerite. Derriksite. Marthozite. Hayo ni majina ya wakubwa wa Union Minière. Babu zetu walitoa mawe, wakubwa wakaacha majina yao ndani. Upande mwingine, mu daftari ya posho, karani aliandika jina ya mufanyakazi sawa sikio yake ilivyosikia, na familia nyingi za Kolwezi zinabeba mpaka leo jina yenye kuandikwa namna tatu kati ya ndugu wa tumbo moja. (Kwa haki tuseme: kuko pia jiwe moja linaitwa kolwezite, na ingine kamotoite. Muji na mine vilipata nafasi yao.) Kwa hiyo mutu wa Musonoi akimuita binti yake Séléné, sisi hatuoni kwamba anaiga wazungu. Anachukua kitu kilichokuwa mu udongo wake.

Wachungaji wengine hawakubali. Wanasema ni jina ya mizimu, mutoto wa Mukristo hawezi kuibeba. Sisi si wachungaji, lakini Biblia tunaisoma pia. Mu Matendo ya Mitume kuna Apolo, mutu wa Alexandria, muhubiri wa nguvu. Jina yake inatoka kwa Apollon, yule wa mishale, na hakuna mutume aliyemuomba kuibadilisha. Mu Waroma 16, Paulo anaanza kwa kumusifu dada mumoja aliyetumikia kanisa la Kenkrea. Jina yake, kwa Kifaransa, ni Phœbé. Mu ile sura kuna pia Hermès na Nérée, majina ya miungu mazima-mazima, na Paulo anawasalimia. Hata Artémis yuko mu Matendo 19, pale Efeso, wakati Démétrius mufua feza alikusanya mafundi wenzake kwa sababu kazi yao ilitaka kuanguka. Ile mukutano ilikuwa na makelele, tunakubali, lakini mafundi walikuja wote.

Phœbé ndiyo jina ambayo sisi tunapenda zaidi. Maana yake ni "mwenye kung'aa". Mu hadithi, Phœbé ni mama ya Léto, kwa hiyo ni nkambo ya Apollon na Artémis. Na mushairi Eschyle anasema Apollon anaitwa pia Phébus kwa sababu alipokea jina kutoka kwa huyo nkambo. Musome tena kidogo: mujukuu alipewa jina ya nkambo. Si ndiyo desturi yetu? Mutoto anazaliwa, wazee wanakaa, wanauliza: ni nani anarudi, atakuwa majina ya nani? Ukisikia Kyungu na Kabange, unajua ni mapasa, hauna kuuliza. Wagreki pia, mpaka leo, wengi wanawapa wajukuu majina ya wazee.

Na Wagreki si watu wa mbali kwa Kolwezi. Wazee wanakumbuka maduka yao. Kanisa la Orthodoxe liko na misioni hapa. Père Kosmas, mutawa wa mulima Athos aliyekufa mu ajali ya barabara mwaka 1989, alifanya kazi hapa Kolwezi. Mu familia za Orthodoxe majina ya Kigreki ni ya kila siku. Na Wakatolika wanayo bila kujua: Irène alikuwa mungu wa amani kabla ya kuwa mutakatifu, na Hélène ni yule wa vita ya Troie kabla ya mama ya mufalme Constantin. Koko wengi wa Kapata na Musonoi wanaitwa Hélène, na hakuna mutu aliyeona neno.

Sasa tufike ku makaratasi, maana huko ndiko tunaumia.

Sisi tulio na miaka zaidi ya arobaini tulizaliwa wakati prénom za Wakristo zilikuwa zimekatazwa. Mu 1972 Mobutu aliacha Joseph-Désiré, na inchi nzima ikafuata. Mukoa wetu wenyewe uliitwa Shaba, kama metali. Ku karatasi tulikuwa na jina na postnom, basi. Prénom ilirudi wazi kisha 1990. Lakini Code de la famille ya 1987, iliyorekebishwa mu 2016, ingali inasema mu article 58 kwamba majina yatoke mu urizi wa utamaduni wa Congo. Kwa hiyo musifanye kosa la kumuita mutoto Séléné peke yake, ao kujaza nafasi zote tatu na majina ya ng'ambo. Jina ya baba, jina ya nkambo, kisha prénom ya Kigreki. Hapo karani hana neno, na wazee hawana neno.

Neno la pili ni namna ya kuandika. Tuliona mutoto mumoja, hatutamutaja. Ku fishi ya maternité: Célène. Ku acte: Sélénée. Mu dossier ya baba kazini: Selena. Siku alipopata malaria ya nguvu, walimwambia mama yake kwamba mutoto huyu haiko ku liste. Baba alilipa kwa mufuko yake, na sisi tulitembea wiki nyingi kutafuta ile pesa irudi. Haikurudi yote. Mutoto alipona, Mungu asifiwe, lakini acte ingali na kosa, kwa sababu sheria haikubali kubadilisha jina, hata herufi moja tu, bila kupita mbele ya tribunal. Na tribunal inaomba siku ya kazi, usafiri, na uvumilivu.

Merveille kila karani anajua kuandika. Jina ya pekee inaomba kazi zaidi, na hiyo kazi ni ya wazazi. Phœbé ni nzuri lakini mashini nyingi za biro hazina ile herufi ya o na e zilizoshikana. Muamue mbele: PHOEBE, kwa herufi kubwa, bila alama yoyote, na iwe hivyo fasi zote, kuanzia maternité, ku kanisa, mpaka ku shule. Muandike jina yote tatu ku karatasi, muikunje mu mufuko, mumupatie karani mkononi kuliko kumuambia kwa kinywa. Mbele ya kutia sahihi, musome acte herufi kwa herufi, baba na mama wote wawili. Karani akikasirika, mumuache akasirike. Kisha mulete kopi ku biro ya personnel na mwingine kwetu, tulinganishe na dossier.

Kuandikisha ni bure ndani ya siku 90. Kisha hapo inaomba jugement supplétif. Siku zinahesabiwa tangu mutoto amezaliwa, si tangu mulipopatana juu ya jina.