Je, wajua? Besi unayoisikia kwenye simu haipo

Wapo wanaoamini kuwa albamu ya remiksi ni kiporo tu: nyimbo za jana zimepashwa moto, msanii avune mara mbili. Kwa albamu nyingi hawakosei. Lakini Club Future Nostalgia ya Dua Lipa, iliyotoka Agosti 2020, sikubali iingizwe kwenye kundi hilo.

Nyimbo zake nyingi zilitoka kwenye Future Nostalgia, albamu iliyoachiwa Machi 27 mwaka huohuo, siku nne baada ya Waingereza kuamriwa wakae ndani kwa ajili ya Uviko-19. Muziki wa disko umetoka, na disko zimefungwa! Klabu za England zilikaa na kufuli mpaka Julai 2021. Kazi ya kuihamishia klabu sebuleni akapewa DJ wa Kimarekani, The Blessed Madonna, aliyejijengea jina Smartbar ya Chicago. Jina lake limekaa kando ya la nyota mwenyewe, na ndivyo ilivyostahili. Akawakusanya Moodymann wa Detroit, Masters at Work wa New York, na Mr Fingers, yaani Larry Heard, mmoja wa waasisi wa muziki wa hausi. Mwimbaji Madonna na rapa Missy Elliott nao wamo, na ndio waliozungumzwa zaidi. Mimi utamu nauona kwenye maungio, pale wimbo mmoja unapoupisha mwingine.

Kwenye Future Nostalgia, Levitating hupiga mapigo 103 kwa dakika, Don't Start Now 124, Physical karibu 147. Huwezi kuzipanga zifuatane bila kuwakwaza wachezaji, kwa hiyo kasi lazima isogezwe. Enzi za santuri, ukiongeza kasi kwa asilimia 6, sauti nayo ilipanda nusu toni; ukizidisha, mwimbaji anakuwa katuni. Siku hizi kompyuta hubadilisha kasi bila kuigusa sauti.

Kazi ngumu hasa ni besi. Besi mbili zikipigwa pamoja hukorogana, maana mawimbi yake mara hujumlishana, mara hufutana, na spikani hutoka mngurumo usio na mbele wala nyuma. Kwa hiyo DJ huuingiza wimbo wa pili ukiwa umenyimwa besi: yanasikika makofi, matoazi, pengine sauti ya mwimbaji. Huku anahesabu mapigo, manne manne, mpaka fungu liishe. Hapo mkono mmoja unashusha besi ya wimbo unaotoka, mwingine unapandisha ya unaoingia. Mchezaji hajui kilichofanyika, ila kiuno kinajua. Ukitaka kujizoeza, sikiliza humo pale DJ Dimitri from Paris anapoikutanisha Break My Heart ya Dua Lipa na Cosmic Girl ya Jamiroquai, ujiulize kila baada ya muda: besi hii ni ya nani?

Sasa ufundi wote huo unafika nyumbani kupitia spika ya simu, kidude kisichoweza kusukuma hewa ya kutosha kutoa mitetemo 60 kwa sekunde. Na bado besi unaisikia. Ni kwa sababu noti ya besi haiji peke yake. Ile ya mitetemo 60 huandamana na ya 120, 180, 240 na kuendelea. Spika hutoa zile za juu, ubongo unaona zimepishana kwa 60, basi unaijaza iliyokosekana. Mafundi wa studio huijua hila hiyo na huziongezea nguvu sauti hizo za juu makusudi. Kile kishindo cha kifuani ndicho ubongo hauwezi kukitunga.

Kwa kukitafuta kishindo hicho, watu hukimbilia zile spika za bluetooth zenye taa za rangi. Betri ikifa, kasha limegandishwa kwa gundi, fundi anahangaika nalo bila mafanikio, na kitu ambacho spika yake bado nzima kinaishia jalalani. Anayetengeneza kifaa kisichofunguka angetakiwa akipokee mwenyewe kikiharibika. Sabufa kuukuu ya mbao, yenye skrubu nne nyuma, inakudumia miaka.

Matumizi ya albamu hii: kupiga deki, kukimbia asubuhi, kupiga pasi, basi la usiku ukiwa na vipokea sauti. Harusini usithubutu, mashangazi hawatavumilia dakika hamsini bila taarabu.