Kusaidiwa au Kusaidiana? Lugha, Nadharia na Maadili ya Ustawi wa Jamii

Utangulizi

Mwanafunzi wa Kiswahili anapoulizwa masomo yake yatamfikisha wapi, aghalabu hutaja darasa, chumba cha habari au ofisi ya tafsiri. Ni nadra kutaja ofisi ya ustawi wa jamii. Hata hivyo, huko ndiko lugha hufanya kazi nzito kila siku: mjane anaeleza hali yake, afisa anajaza fomu, na uamuzi unatolewa kuhusu nani atasaidiwa na nani atarudi nyumbani mikono mitupu. Makala haya yanakusudia kutazama kwa jicho hakiki nadharia, maadili na utendaji wa kazi hiyo, hususan nchini Kenya, kwa kuanzia na maneno yake. Hoja yetu ni kwamba jina analopewa mtu anayehudumiwa hubeba ndani yake nadharia nzima kuhusu yeye ni nani na ana haki gani.

Usuli wa Nadharia

Taaluma ya ustawi wa jamii ilichipuka kutokana na mikondo miwili. Mkondo wa kwanza unahusishwa na Charity Organisation Society, iliyoasisiwa London mwaka 1869. Wajumbe wake walitembelea maskini na kuwachunguza ili kubaini nani anastahili msaada na nani hastahili. Mkondo wa pili unahusishwa na Hull House, nyumba iliyofunguliwa Chicago mwaka 1889 na Jane Addams pamoja na Ellen Gates Starr. Hawa waliishi miongoni mwa maskini kama majirani, wakahoji sheria za kazi, usafi wa mitaa na ajira ya watoto. Kwa ufupi, mkondo wa kwanza uliuliza, "Mtu huyu ana kasoro gani?" Wa pili uliuliza, "Jamii hii ina kasoro gani?"

Mkondo wa kwanza ndio uliotia mizizi zaidi katika mafunzo. Mary Richmond alipochapisha Social Diagnosis mwaka 1917, hata jina la kitabu lilikopa msamiati wa tabibu: shida ya mtu ichunguzwe kama maradhi. Wahakiki wa miaka ya 1970 waliupinga mtazamo huo. Walidai kwamba kumtibu mtu mmoja mmoja bila kugusa umaskini unaozalishwa na mfumo ni sawa na kufuta maji sakafuni huku bomba limepasuka. Naye James Midgley, katika kitabu alichotoa mwaka 1981, alieleza jinsi nadharia za Magharibi zilivyosafirishwa hadi nchi changa bila kujali mazingira yake. Mwaka 2014 mashirika ya kimataifa ya taaluma hii yalipitisha fasili mpya inayotambua wajibu wa pamoja na maarifa ya wenyeji. Fasili imebadilika, swali ni iwapo lugha ya ofisini nayo imebadilika.

Sarufi ya Msaada

Mnyambuliko wa kitenzi "saidia" unatufungulia mlango. Katika kauli ya kutendwa tunapata "kusaidiwa": yupo mtoaji mwenye uwezo na mpokeaji asiye na la kufanya. Hii ndiyo sarufi ya hisani. Katika kauli ya kutendana tunapata "kusaidiana": kila mmoja ni mtoaji na mpokeaji kwa zamu. Hii ndiyo sarufi ya chama cha kina mama, ya matanga na ya harambee. Ama kirejeshi "kujisaidia" kina maana ya pili inayofahamika na kila msemaji, yaani kwenda haja. Ndiyo sababu kwa dhana hiyo wengi wetu husema "kujitegemea". Si ajabu basi kwamba nadharia inayomweka mtu peke yake, akijiamulia mambo yake mbali na nduguze, haijapata neno jepesi katika mazungumzo yetu ya kila siku.

Majina na Mamlaka

Tuyatazame sasa majina yenyewe. "Mteja" limetoka sokoni. Ni mtu mwenye fedha na hiari ya kwenda duka jingine. Mjane wa mfano wetu hana vyote viwili. Isitoshe, Wakenya wengi husema mtu "ni mteja" wakimaanisha simu yake haipatikani, na katika miji ya pwani neno linalokaribiana nalo kimaumbo, "teja", hutumiwa kumdhalilisha mtumiaji wa dawa za kulevya. "Mlengwa", linalotumika sana Tanzania katika mpango wa TASAF, hutokana na kulengwa: yupo anayelenga, na mwingine amesimama kusubiri. "Mnufaika" huhesabu faida kabla haijaonekana. Kwa upande mwingine, kubadilika kwa matumizi kutoka "mhanga" hadi "manusura" katika masuala ya dhuluma za kijinsia ni ushahidi kwamba lugha inaweza kurekebishwa. Jina la kwanza humwonyesha mtu kama kafara. La pili humtambua kuwa amepita katika hatari na bado yu hai.

Maadili: Siri na Baraza

Mwaka 1957 Felix Biestek alitaja misingi saba ya uhusiano kati ya mhudumu na mhudumiwa, miongoni mwayo kumkubali mtu alivyo, kutomhukumu, kumwachia uamuzi wake na kumtunzia siri. Misingi hii inafundishwa hadi leo. Utendaji wetu, hata hivyo, huitia majaribuni.

Tuchukue mfano wa mpango wa kutoa fedha taslimu kwa kaya zenye mayatima na watoto walio katika hali ngumu, ulioanza kwa majaribio nchini Kenya mwaka 2004. Katika utaratibu wake, kamati za wenyeji hushiriki kuzitambua kaya maskini, kisha majina hupelekwa barazani ili umma uyathibitishe. Utaratibu huu una hekima yake. Majirani humjua mwenye dhiki kuliko karatasi, na uwazi humzuia mwenye cheo kuandikisha jamaa zake. Lakini jina linaposomwa mbele ya kijiji, umaskini wa nyumba hiyo hutangazwa, na pengine watu huanza kunong'onezana kuhusu maradhi yaliyowaua wazazi. Aijuaye siri ya mtungi ni kata. Je, kata ikiitwa barazani, iseme?

Mfuasi mkali wa Biestek angepiga marufuku baraza. Mtetezi wa mila angeona hakuna tatizo. Kwa maoni yetu, wote wawili wamekosea. Kiswahili hutofautisha uwazi na uanikaji. Baraza linaweza kuelezwa vigezo vya uteuzi na idadi ya kaya zilizochaguliwa, ilhali sababu za kila nyumba zikabaki faraghani na malalamiko yakapokewa kando. Zaidi ya yote, mhusika aulizwe mapema, kwa lugha aielewayo, iwapo anaridhia jina lake kutajwa.

Utendaji: Lugha Aielewayo

Hapa ndipo suala letu linapokuwa la haki. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, katika kifungu cha 43, inatambua haki ya kila mtu kupata hifadhi ya jamii. Kifungu cha 28 kinalinda utu. Kifungu cha 7 kinakifanya Kiswahili kuwa lugha ya taifa na mojawapo ya lugha rasmi. Vifungu hivi vikisomwa pamoja, msaada si hisani tena. Lakini mzee akitia kidole gumba kwenye fomu ya Kiingereza ambayo hakusomewa, hajaridhia chochote. Amekubali tu kutosumbua. Kumwachia mtu uamuzi wake ilhali amefichwa maneno ya uamuzi huo ni kinaya.

Hitimisho

Tumeona kwamba nadharia ya ustawi wa jamii imevutana kwa muda mrefu kati ya kumrekebisha mtu na kuirekebisha jamii, na kwamba mvutano huo unaishi ndani ya msamiati wetu. Hatudai kuwa kubadili neno kutamshibisha mwenye njaa. Tunadai kuwa anayeitwa mwenye haki huuliza maswali ambayo anayeitwa mhitaji huogopa kuuliza. Basi wanafunzi na wahadhiri wa Kiswahili washirikiane na wenzao wa ustawi wa jamii kukusanya istilahi zinazotumika nyanjani, kuzijaribu mbele ya wahudumiwa wenyewe, na kuandika fomu za ridhaa ambazo bibi wa kijijini akisomewa atajua anachokubali na anachoweza kukataa.