Mgeni Njoo, Mwenyeji Apone: Vinara wa Chembe Zinazojigeuza Wenyeji wa Mwili

Kichupa kinatolewa kwenye friji, kinaachwa kifikie joto la chumba, kisha muuguzi anakigeuza juu chini, taratibu, mara 10. Hakitikisi. Anaingiza mililita 1.8 za maji ya chumvi, anakigeuza tena mara 10 kwa upole uleule, halafu anavuta mililita 0.3 kwa kila bega linalosubiri. Mwaka 2021 kazi hiyo ilifanyika Doha mchana kutwa, mbele ya foleni za walinzi, madereva na mafundi, wakiwemo wenzetu waliotoka Afrika Mashariki kutafuta riziki. Aliyetazama angedhani ule ni ustaarabu wa muuguzi tu. Kumbe ndani ya kichupa kile cha chanjo ya Pfizer na BioNTech mlikuwa na vitone vya mafuta ambavyo ukivitikisa kwa nguvu vinaharibika.

Kila kitone kina upana wa nanomita 100 hivi au pungufu. Unywele wako una kama 80,000, kwa hiyo panga vitone 800 ubavu kwa ubavu ndipo uuvuke. Kimetengenezwa kwa aina nne za mafuta, kolesteroli ikiwa mojawapo, na ukikikagua ni kama kipande kidogo cha ngozi ya seli zetu wenyewe. Seli inakimeza bila kushtuka. Kikishaingia kwenye kifuko cha ndani, ambako pana uchachu, mafuta yake yanabadilika, kifuko kinapasuka na mzigo unamwagika pale unapotakiwa. Wahenga walisema mgeni njoo mwenyeji apone, lakini mwili haukulelewa na wahenga. Mgeni wa kweli unamla. Ndiyo maana waganga wa kisasa wamehangaika miaka 60 kumvalisha mgeni nguo za mwenyeji, na huko ndiko kwenye rekodi nyingi za kusimulia.

Tuanze na ukubwa, maana Doha hawajambo kwa ukubwa. Juni 2021 kilifunguliwa kituo cha kuchanjia wafanyakazi upande wa Eneo la Viwanda, ambalo wakazi wenyewe huliita Sanaiya. Eneo lake lilikuwa mita za mraba 300,000, meza za kuchanjia zaidi ya 300, uwezo wake dozi 25,000 kwa siku. Kilitajwa kuwa miongoni mwa vituo vikubwa kabisa duniani, nami sina ubishi. Uwanja wa Benjamin Mkapa ukifurika watu 60,000, kituo kile kingewamaliza wote kwa siku mbili na nusu.

Ila si ukubwa wa kituo ulionivutia. Kilichonivutia ni kipimo. Qatar ilikuwa na mambo mawili ambayo nchi chache zilikuwa nayo kwa pamoja. Kwanza, asilimia 89 hivi ya wakazi wake ni wageni kutoka nchi zaidi ya 150. Pili, mapema mwaka 2021 virusi viwili vya Korona vilivyobadilika, Alpha na Beta, vilikuwa vikizunguka mitaani kwa wakati mmoja, karibu nusu kwa nusu. Beta ndiyo iliyokuwa ikiogopwa zaidi Afrika, na watu walikuwa wakiulizana kama chanjo inaifaa au haiifai. Laith Abu-Raddad na wenzake wa Weill Cornell Medicine-Qatar, chuo cha udaktari kilichopo Mji wa Elimu, walichukua kumbukumbu za nchi nzima. Hadi tarehe 31 Machi 2021 watu 385,853 walikuwa wamepata angalau dozi moja. Jibu lilichapishwa Mei mwaka huohuo: baada ya dozi mbili, kinga dhidi ya maambukizi ya Alpha ilikuwa asilimia 89.5, ya Beta asilimia 75, na kinga dhidi ya ugonjwa mkali au kifo asilimia 97.4. Kwa swali la Beta, nalihesabu hilo kuwa jibu lililongojewa kwa hamu kuliko yote ya mwaka ule, na lilitoka kwenye mabega ya watu wa kila taifa walioko Doha.

Timu hiyohiyo ndiyo inayoshika na rekodi ya habari mbaya. Oktoba 2021 walionyesha kuwa kinga dhidi ya maambukizi ilifikia kilele cha asilimia 77.5 mwezi wa kwanza baada ya dozi ya pili, kisha ikashuka hadi kama asilimia 20 kufikia mwezi wa tano hadi wa saba. Kinga dhidi ya kulazwa na kufa ilibaki juu karibu miezi sita. Mwanasayansi anayepima zao lake likiwa linanawiri, akarudi kulipima likinyauka, huyo ana sifa yangu.

Kuna rekodi nyingine ya Doha ambayo haikutungwa na binadamu. Tarehe 14 Julai 2010 kipimajoto cha uwanja wa ndege kilisoma nyuzi 50.4. Vitone vyetu vya mafuta vilitakiwa kuhifadhiwa kwenye nyuzi 70 hivi chini ya sifuri. Hesabu mwenyewe tofauti, kisha umhurumie dereva wa lori la baridi.

Wa kwanza kabisa ni nani? Nenda Babraham, karibu na Cambridge, mwaka 1961. Alec Bangham, mtaalamu wa damu, alikuwa na R. W. Horne wakijaribu hadubini mpya ya elektroni. Wakaweka mafuta ya lesithini, yale yanayopatikana kwenye kiini cha yai, ndani ya maji. Wakaona vijifuko vya duara vyenye kuta tabakatabaka, mithili ya kitunguu kilichokatwa. Mafuta yalikuwa yamejijengea nyumba yenyewe, bila fundi. Walichapisha mwaka 1964, na baadaye Gerald Weissmann akapendekeza jina liposomu.

Mwaka huohuo wa 1961, mwezi Mei, madaktari walikutana Kampala kujadili saratani ya Kaposi, ile inayotoa mabaka ya zambarau miguuni, ambayo Uganda iliijua kabla Ukimwi haujapata jina. Mikutano hiyo miwili, ule wa watu wawili kwenye hadubini na ule wa Kampala, haikuwa na habari, mmoja kuhusu mwingine. Ilichukua miaka 34 kukutana. Novemba 1995 Marekani iliidhinisha Doxil, dawa ya kwanza ya nano kupata kibali huko: doksorubisini iliyofungwa ndani ya liposomu. Ugonjwa wa kwanza kuruhusiwa kutibiwa nayo ni saratani ya Kaposi kwa wenye Ukimwi. Yechezkel Barenholz na Alberto Gabizon, walioitengeneza, waliifunika kwa nyuzi za poliethileni glikoli, kemikali inayopenda maji kiasi kwamba kijifuko kinazungukwa na joho la maji na walinzi wa mwili wanakipita. Dawa inakaa damuni siku mbili tatu badala ya kufyekwa mapema. Lakini mgeni asiyeondoka ana gharama zake: Doxil huvujia viganjani na kwenye nyayo, ngozi ikawa nyekundu, ikachubuka, kutembea kukawa taabu. Ufundi wa kujificha ukizidi, mwenyeji naye anaelemewa.

Kwa nguo ya heshima kuliko zote, taji ni la San Diego, California. Mwaka 2011 Che-Ming Hu, Liangfang Zhang na wenzao walifanya kitu ambacho mimi nilipokisoma nilikirudia mara mbili. Walichukua seli nyekundu za damu, wakazimwaga utumbo wake zikabaki ngozi tupu, wakaisukuma ngozi hiyo kwenye matundu madogo mno pamoja na chembe za plastiki inayoyeyuka, jamii ya ile ya nyuzi za kushonea majeraha zinazoyeyuka zenyewe. Chembe zikatoka zimevaa ngozi halisi ya seli. Juu ya ngozi hiyo kuna protini iitwayo CD47, ambayo kazi yake ni kuwaambia walinzi: huyu wetu, msimle. Ndani ya panya, baada ya chembe hizo kupungua kwa kasi mwanzoni, zilizobaki zilichukua saa 39.6 kupungua hadi nusu. Za joho la maji zilichukua saa 15.8. Baada ya siku mbili, asilimia 16 za waliovaa ngozi walikuwa bado wanazunguka, wenzao wamebaki asilimia 2.

Miaka miwili baadaye maabara hiyohiyo ikazigeuza chembe hizo kuwa sifongo. Sumu ya bakteria, inayozoea kutoboa seli nyekundu, inaona ngozi inayoijua na kujitupa hapo, ikanaswa. Kati ya panya waliopewa sifongo kabla ya sumu ya kuua, asilimia 89 walipona. Waliopewa baada ya sumu, asilimia 44. Mwaka 2015 ikafuata ngozi ya seli sahani, zile zinazokimbilia penye jeraha, ili dawa nayo ikimbilie huko. Ni kazi ya kupendeza. Na hadi leo hakuna hata moja kati ya hizi zilizovaa ngozi ya seli iliyoidhinishwa kuuzwa kama dawa ya binadamu. Washindi wote wa kundi hili ni panya.

Kwa nini? Moja ya majibu ni namba ndogo kuliko zote katika makala haya. Mwaka 2016 maabara ya Warren Chan, Chuo Kikuu cha Toronto, ilikusanya majaribio ya miaka 10 yaliyochapishwa na kuuliza swali la kihasibu: kati ya chembe zote zilizochomwa kwa ajili ya uvimbe wa saratani, ngapi zilifika? Jibu la katikati lilikuwa asilimia 0.7. Tuseme umetuma vifurushi 1000 kutoka Doha kwenda nyumbani, na saba tu vimegonga mlango wa mama. Vingine vingi vimeishia kwenye ini na wengu, forodha mbili za mwili zisizopokea hongo.

Wajanja wakaamua kuacha kugombana na forodha. Patisiran, iliyoidhinishwa Agosti 2018 kwa jina la Onpattro, inatibu ugonjwa wa kurithi ambao chanzo chake kiko kwenye ini lenyewe. Kitone chake cha mafuta kikiingia damuni hudandiwa na protini iitwayo ApoE, ile inayobeba mafuta ya chakula, na ini likaipokea kama mzigo wake wa kila siku. Ndiyo dawa ya kwanza ya aina yake, inayozima jeni kwa RNA fupi. Bei yake ilipotoka: dola 450,000 kwa mwaka kwa mgonjwa mmoja. Hilo nalo ni rekodi kwenye orodha hii, na silipigii makofi.

Nawapigia makofi Kampala na Mbarara. Madaktari wa huko, pamoja na wenzao wa Botswana, Malawi, Afrika Kusini na Zimbabwe, waliijaribu AmBisome, amfoterisini iliyofungwa kwenye liposomu, kwa wagonjwa wa Ukimwi wenye homa ya uti wa mgongo inayoletwa na kuvu. Dawa ya kawaida, isiyo na liposomu, hutiwa kwa dripu siku saba mfululizo, mgonjwa akitetemeka kwa homa na figo zikiumia. Wao walimpa mgonjwa dozi moja tu kubwa, miligramu 10 kwa kila kilo ya uzito, pamoja na vidonge vya siku 14. Waliochambuliwa walikuwa 814. Baada ya wiki 10, waliofariki upande wa dozi moja walikuwa asilimia 24.8, na upande wa dripu ya wiki nzima asilimia 28.7. Dozi moja haikushindwa, na madhara yalipungua. Matokeo yalitoka Machi 2022, na mwaka huohuo Shirika la Afya Duniani likaifanya kuwa tiba ya chaguo la kwanza.

Muuguzi wa dawa hii anafanya kinyume cha yule wa Doha. Anatia mililita 12 za maji safi yasiyo na chumvi kwenye unga wa njano, kisha anakitikisa kichupa kwa nguvu zote kwa sekunde 30, la sivyo unga hautawanyiki. Kila kichupa kina miligramu 50. Mgonjwa wa kilo 60 anahitaji vichupa 12, na kwa bei ya dola 16.25 ambayo mtengenezaji aliitangaza mwaka 2018 kwa nchi zenye kipato cha chini na cha kati, hiyo ni dola 195.