Msondo Uliovuka Bahari

Juzi arusini kijana mmoja alinambia kwamba ngoma zetu zote ni za Kiarabu. Akanihesabia: dufu, tari, udi, zumari. Nikamwambia, majina hayo ndiyo, ni ya Kiarabu. Mimi mwenyewe dufu nimelipiga chuoni wakati wa maulidi, wala sikupata kulidhania geni. Lakini neno ngoma ni la Kibantu, na Wakongo nao hulitumia lilo hilo. Tena, ndugu msomaji, maneno hayakuja tu, yalikwenda pia. Huko Oman, katika mchezo wa lewa, ngoma ile ndefu huitwa musundu: ndio msondo wetu, uliovushwa na mabaharia na watumwa waliotoka pwani hii. Kijana akanyamaza, akenda kumsikiliza mpiga zumari.