"Sicily": Kiwanja cha Ndege Kiendacho Baharini

Wasomaji wetu wengi wamepata kusikia habari za manowari zichukuazo ndege, na pengine hudhani kwamba zote ni kubwa mno na zenye mbio kupita kiasi. Sivyo. Zilikuwako ndogo, zilizoundwa kwa kusindikiza meli za shehena na kuwinda nyambizi, na mojawapo ni "Sicily" ya Marekani. Ilishushwa majini tarehe 14 Aprili, 1945, ikaanza kazi Februari 1946, vita vikuu vimekwisha.

Urefu wake ulikuwa futi 557, yaani zaidi ya kiwanja kimoja na nusu cha mpira, na mwendo wake maili 22 tu kwa saa. Hapo ndipo palipokuwa na udhaifu wake. Ndege yenye mzigo wa mabomu haiwezi kupaa katika sitaha fupi bila upepo wa mbele, kwa hiyo nahodha huigeuza meli ikabili upepo na kuiendesha kwa nguvu zote. Siku ya shwari, meli ya polepole yaweza kulazimika kupunguza mabomu.

Vita vya Korea vilipozuka Juni 1950, nahodha wake alikuwa John Thach, rubani aliyepata sifa katika vita vya Midway mwaka 1942. Ndege za kuwinda nyambizi ziliachwa, zikapandishwa Corsair za kikosi cha Marini. Tarehe 3 Agosti ndege 8 zilikwenda kumpiga adui, siku moja tu baada ya Marini wa miguu kushuka Pusan.

Kwa nini meli ndogo ilifaa? Wakati ule majeshi ya Korea ya Kusini na wenzao yalikuwa yamesukumwa hata pembeni mwa nchi. Ndege zilizotoka Japani zilitumia mafuta mengi njiani, zikaweza kukaa juu ya mapigano dakika chache tu. "Sicily" ilikuwa karibu na pwani. Tena, na kwa maoni yetu hili ni kubwa zaidi, rubani na askari wa miguu walikuwa watu wa jeshi moja, wamefundishwa pamoja. Miongoni mwa askari alikuwako mwelekezaji mwenye simu ya upepo, akimwonyesha rubani kilima cha kupigwa na mahali walipo wenzao. Kosa dogo la umbali lingewaua wenyewe kwa wenyewe.

Ilikuwako Inchon Septemba 15, 1950, na Desemba ndege zake ziliwalinda Marini waliorudi nyuma kutoka Chosin hata bandari ya Hungnam, katika baridi ya kugandisha. Ilirudi Korea 1951 na 1952. Mwaka 1954 iliwekwa akiba, na Oktoba 1960 ikauzwa kuwa chuma chakavu.