BABU ALIKUWA KAZI GANI VITANI?
Namna ya kutafuta rekodi zake

Ofisini kwetu watu wanafika na karatasi ya nailoni: ndani nishani yenye kutu na cheti kilichochanika. Swali ni moja. Ati babu alipigania Waingereza, je, pesa zake ziko wapi? Wengine wameshatoa elfu moja kwa mtu anayejiita ajenti, wakaandikwa kwenye daftari, na ajenti mwenyewe amehamia parokia nyingine.

Tuanze na hizo pesa maanake ndipo watu wanaumizwa. Mwaka 2013 serikali ya Uingereza ilikubali kuwalipa wazee 5,228 walioteswa wakati wa Mau Mau. Hiyo haikuwa kesi ya wanajeshi wa vita vya dunia, lakini uvumi ulichanganya yote. Kwa waliotumikia jeshi la mkoloni kuna msaada wa Royal Commonwealth Ex-Services League, nao ni wa askari mwenyewe au mjane wake aliye na shida. Mjukuu hayumo. Mtu akikuitisha ada ya kumwandikisha marehemu, usimpe hata shilingi.

Sasa rekodi. Kwanza ujue babu alikuwa kazi gani, kwa sababu si kila aliyeenda vitani alishika bunduki. Vita vya 1914 hadi 1918 vilikula wapagazi wengi kuliko askari. Hao ndio Carrier Corps, na mtaa wa Kariokor jijini Nairobi umebaki na jina lao. Vita vya pili vilikuwa na askari wa King's African Rifles, na pia East African Military Labour Service, watu wa kuchimba, kujenga barabara na kupakua meli. Tena kuna wale waliokamatwa kwa sheria ya mwaka 1942 wakapelekwa mashamba ya mkonge. Nyumbani huyo naye anasema alichukuliwa “wakati wa vita”, na ni kweli, lakini ukimtafuta kwenye orodha za jeshi utachoka bure. Mtafute kwenye mafaili ya wilaya na ya idara ya kazi.

Anzeni nyumbani. Tafuteni kipande na cheti cha kuachiliwa jeshini. Nishani za vita vya kwanza kwa kawaida zina namba na jina ukingoni. Nyota za vita vya pili hazina jina, ila Burma Star inakuonyesha alifika upande gani. Kisha andikeni majina yake yote: la ubatizo, la nyumbani, la baba yake, la chifu wa wakati huo. Karani aliandika alivyosikia, basi Wanyonyi anaweza kuwa Wanionyi. Vitabu vya ubatizo na ndoa vya parokia husaidia sana hapa, kwani vina jina la baba na tarehe.

Kama alifia vitani, Commonwealth War Graves Commission ina orodha unayoweza kutafuta bila malipo. Huko Nairobi War Cemetery, Ngong Road, kuna ukumbusho wa wasio na kaburi, pamoja na wapiga mizinga wa Afrika Mashariki waliozama na meli ya Khedive Ismail tarehe 12 Februari 1944. Wasio na kaburi huko Burma wako kwenye ukumbusho wa Taukkyan. Wapagazi wa vita vya kwanza, ole wao: wengi hawakuandikwa jina popote, na Tume yenyewe ilikiri mwaka 2021 kwamba Waafrika hawakukumbukwa sawa na wengine. Ukikosa jina hapo, usiseme babu alidanganya.

Kama alirudi, nendeni Kenya National Archives, Moi Avenue. Msiende na jina tu. Semeni wilaya, miaka na kikosi. Shajara za vikosi ziko Kew, Uingereza. Hazitaji askari wengi kwa jina, lakini zinaeleza kikosi kilipita wapi.

Mkija kwetu leteni nakala, zile karatasi zenyewe zibaki nyumbani. Na kama mjane bado yuko hai, msingoje hayo yote yapatikane. Tuleteeni habari zake wiki hii, tuwaandikie Defence Forces Old Comrades Association.